Kutoka Mumias hadi Chetambe kwa siku moja

Vita vya mwaka 1895 kati ya Waingereza na Wabukusu, Waluhya wa magharibi mwa Kenya, havikuacha jengo. Ukipanda kilima cha Chetambe, juu ya mji wa Webuye, utakuta nyasi, mawe, mashamba ya watu na alama za handaki lililoizunguka ngome. Yaliyobaki yamo vinywani mwa wenyeji. Kwa hiyo anayetaka kupeleka familia, darasa au chama huko ajue mapema kwamba safari hii inategemea nani anasimulia, anasimulia akiwa upande gani, na nyinyi mnamuuliza nini. Sisi tulikwenda kama chama, na ninayoyaandika hapa ni yale niliyojifunza kwa kuwasikiliza wazee wa pande mbili za vita vilevile katika siku moja.

Chama chetu cha kusaidiana kiko Kakamega. Kina Waisukha, Wawanga, Wabukusu, Wakabras na mama mmoja Mjaluo aliyeolewa huku. Tukikodi matatu kwa kawaida huwa ni ya kwenda matanga au kupeleka mahari. Wazo la kuikodi kwa ajili ya historia lililetwa na katibu, mwalimu mstaafu, ambaye kwa miaka alikuwa akilalamika kwamba watoto wetu wanajua majina ya majenerali wa Ulaya lakini hawajui ni nani alipigana na nani kilomita chache kutoka nyumbani kwao.

Tulimpata kijana anayefanya kazi ya kuongoza wageni. Jambo la kwanza lililonipendeza kwake ni kwamba hakutaka kuwa msimulizi wa siku nzima. Alituambia wazi: mimi nitawapangia njia, nitawaeleza mambo ya barabarani, lakini Matungu, karibu na Mumias, atasema mzee wa Matungu na Chetambe atasema mzee wa Chetambe. Wapo waongozaji ambao hawawezi kukaa kimya hata dakika moja mbele ya mwenyeji. Huyu aliweza, na bila hilo tungekosa mengi.

Jambo la pili ni mpangilio wa njia. Wengi wetu tulidhani tungeanzia Webuye, kwa kuwa barabara ya Kakamega hadi Webuye ni fupi na rahisi, kisha turudie Bungoma na Mumias. Kijana akasema hapana, tuanze Mumias, kwa sababu jeshi la 1895 lilitokea Mumias. Tukifuata mwelekeo wa jeshi tutaielewa ardhi. Tukakubali, tukaondoka alfajiri, chai na mandazi tukanywea njiani.

Barabara ya Mumias ina miwa pande zote, na matrekta yanayoivuta hayana haraka na mtu. Kijana alitumia mwendo huo wa polepole vizuri. Alituomba tuifute akilini mipaka ya leo. Mwaka 1895 hakukuwa na Kenya, na sehemu hii yote ilihesabiwa kuwa Uganda. Ni tarehe 1 Aprili 1902 tu ndipo ilipohamishiwa himaya ya Afrika Mashariki, ambayo baadaye iliitwa Kenya. Afisa Mwingereza aliyekaa Mumias alikuwa akitazama Entebbe kwa amri zake. Ukishalijua hilo, swali la kwa nini Mumias ilikuwa muhimu linajibika lenyewe. Palikuwa mahali pa kupumzika na kununua chakula kwa misafara iliyotoka pwani kwenda Buganda.

Misafara ilipaita Kwa Sundu, kwa jina la Shiundu, mfalme wa Wanga, yaani wa Wawanga. Mwanawe Mumia alirithi ufalme mwaka 1882 na akaishi hadi 1949. Fikirieni maisha ya mtu huyo. Aliwapokea wafanyabiashara Waswahili waliokuja na nguo, shanga na bunduki. Mwaka 1883 alipita mpelelezi Joseph Thomson. Mwaka 1885 alipita Askofu James Hannington, akaenda kuuawa Busoga mwezi wa Oktoba mwaka huohuo. Mwaka 1894 akaja Frederick Spire kujenga kituo cha serikali, na mwaka uliofuata Charles Hobley. Mwaka 1909 Waingereza wakampa Mumia cheo cha chifu mkuu, na aliishi kuona makao ya serikali yakiondolewa Mumias na kupelekwa Kakamega. Mama mmoja wa chama chetu, Mwislamu wa Mumias kwa kuzaliwa, alituonyesha kutoka dirishani mitaa ambayo wazee wake waliijua kama mitaa ya Waswahili, akasema Kiswahili tunachokizungumza chamani kilifika pale kikiwa kimebebwa na watu wa misafara, kabla ya shule yoyote. Alilisema kwa fahari, na ana haki ya kujivunia.

Huko Matungu, kwenye kituo cha utamaduni cha Nabongo, yaani cheo cha mfalme wa Wanga, ndipo walipozikwa wafalme wa Wanga. Mzee aliyetupokea tulimsalimu "Mulembe, kuka," yaani amani, babu, naye akatutaka kila mmoja ajitambulishe kwa ukoo. Haikuwa salamu ya kupita. Alisikiliza kila jina, na ilipofika zamu ya mwekahazina wetu, aliyesema yeye ni Mbukusu kutoka upande wa Kimilili, mzee alitikisa kichwa kidogo, kisha akaendelea na aliyefuata.

Alitusimulia kwa utulivu. Tulisimama kimya mbele ya makaburi kwa sababu alituomba tusimame kimya. Sitarudia yote, mengine ni yake kuyasema. Lakini alipomaliza na kutualika tuulize, mwekahazina hakuzunguka:

"Kuka, ni kweli watu wenu walikuja na Waingereza kutupiga Chetambe?"

Nilimwona mwenyekiti, ambaye ni Mwanga, akiinamisha macho. Nilimtazama kijana, nikadhani ataingilia kati kulainisha neno. Hakuingilia.

"Ndiyo, mama," mzee akasema. "Walikuja."

Kisha akaeleza. Mumia alirithi ufalme uliozungukwa na majirani wenye nguvu, na Wabukusu walikuwa wenye nguvu kuliko wengi. Alikuwa na Wamaasai wa Uasin Gishu waliokimbilia kwake baada ya kushindwa kwenye vita vyao wenyewe, alikuwa na marafiki wa pwani wenye bunduki, na mwishowe akapata Mzungu. Alizoea kutumia mgeni mmoja kumzuia mwingine. Alikuwa ameona bunduki zinavyofanya kazi, kwa hiyo alipoulizwa yuko upande gani alijua ni upande gani utashinda. "Mnaweza kumlaumu," mzee akasema, "lakini mlaumuni kama mfalme aliyekuwa na watu wa kulinda. Msimlaumu kama mtu asiyejua alichokuwa akifanya."

Sijapata kusoma popote maelezo ya ushirika ule yaliyonyooka namna hiyo. Vitabu vya shule nilivyosoma mimi viliwapanga watu wetu katika safu mbili, waliopinga na waliokubali, kama kwamba kila mmoja alikaa nyumbani akisubiri Waingereza wafike ili achague. Mzee alitukumbusha kwamba watu walikuwa na siasa zao, uadui wao na ndoa zao kabla Mwingereza wa kwanza hajavuka Nzoia. Mwekahazina alimshukuru. Hakusema amekubali. Alishukuru kwa sababu hakufichwa.

Kutoka Mumias hadi Webuye kupitia Bungoma ni kilomita 50 hivi kwa barabara ya leo. Katika sehemu hii ndipo kijana alipotueleza chanzo cha vita, na nadhani alifanya vyema kutokieleza kabla ya Matungu. Kiini chake kilikuwa bunduki. Askari waliotoroka kituo cha Mumias walikimbilia kwa Wabukusu na silaha zao. Hobley akadai zirudishwe, zisirudishwe, akatuma kikosi kwenda kuzichukua. Kikosi kile kilishambuliwa na karibu wote wakauawa. Serikali iliyokuwa na kituo kimoja chenye askari wachache iliona kwamba ikinyamaza, kila mtu atajua ni dhaifu. Likakusanywa jeshi la askari wa Kisudani, Waganda, Wawanga na Wamaasai. Kwanza liliangukia ngome ya Lumboka, kisha likafuata watu hadi Chetambe.

Dereva, ambaye hakuwa mwanachama wala hakuombwa maoni, aliuliza swali zuri kuliko letu sote: jeshi hilo lilikula nini njiani? Kijana akasema lilikula vya watu liliowapitia. Dereva akasema, "Basi vita vilianza kabla ya ngome." Nimelibeba neno hilo. Tulipokuwa tukipita mashamba ya mahindi na migomba nilikuwa nikiyahesabu kwa jicho la mtu anayejua kwamba maelfu ya miguu yanakuja.

Chakula cha mchana tulikula Bungoma, ugali kwa kuku na kunde, na tulikula haraka. Hili lina sababu. Huku kwetu mvua ya msimu huja alasiri, mara nyingi na mawe na radi, na kilima kitupu si mahali pa kukutwa na radi. Panga ufike Chetambe kabla ya saa nane mchana, na vaa viatu vya kufunga. Mama zetu wawili waliokuja na makubazi ya harusi walishikwa mikono kupanda na kushuka.

Chetambe tulipokelewa na mzee Mtachoni, wa kabila jingine la Waluhya, na jirani yake, mama mzee Mbukusu, aliyekuja bila kualikwa kwa sababu alisikia kuna watu wanauliza habari za kilima. Namshukuru Mungu alikuja.

Mzee alianza kwa kutusahihisha. Ngome ilikuwa ya Chetambe, mzee wa Kitachoni, na ndilo jina la kilima hadi leo. Watu husema vita vya Wabukusu na kusahau kwamba Watachoni walikuwa ndani ya ukuta. Wabukusu wengi walikimbilia pale baada ya Lumboka kuvunjwa, na waliokuwa ndani wakawapokea. Alitutaka tulitamke hilo vizuri tutakaporudi Kakamega. Nimelitamka chamani, na ninalitamka hapa.

Kisha akatuweka kwenye mstari wa handaki. Alitusimamisha mmoja mmoja, mbali kidogo na mwenzake, hadi tukawa tumechora upinde kwa miili yetu, na hapo ndipo ukubwa wa ngome ulipoeleweka. Kabla ya hapo nilikuwa natazama nyasi tu. Ngome za sehemu hizi zilikuwa kijiji kizima kilichozungushiwa ukuta mnene wa udongo, handaki nje yake, na lango dogo ambalo mtu mzima aliingia akiwa ameinama. Kwa adui mwenye mkuki anayetaka kuiba ng'ombe usiku, ulinzi huo ulitosha kabisa. Anayeingia ameinama hana namna ya kuinua mkuki, na ng'ombe hawezi kutolewa haraka. Kwa adui aliyesimama mbali na kupiga risasi, mambo yaligeuka. Lango lilelile dogo lilimaanisha walio ndani, pamoja na wanawake, watoto na mifugo, hawakuweza kutoka kwa wingi. Waliokuwa juu ya ukuta walikuwa na mikuki, mishale, ngao na bunduki chache.

Alieleza haya bila kupaza sauti, huku akionyesha kwa fimbo upande wa chini ambako mto Nzoia unapita na ambako moshi wa mji ulikuwa ukipanda. Kutoka pale unaona mbali sana, na siku ikiwa safi Mlima Elgon unajitokeza. Wale waliokuwa ndani waliliona jeshi likija muda mrefu kabla halijafika. Hili ndilo lililoniumiza kuliko yote niliyoyasikia siku hiyo, na hakuna kitabu ambacho kingelinifikishia. Ilinibidi nisimame pale, nitazame bonde, nipime kwa macho.

Mzee alipotulia alituuliza sisi: "Mmetoka Mumias. Wamewaambia nini?"

Mwenyekiti alijibu mwenyewe. Alirudia maneno ya mzee wa Matungu, la mfalme na wageni, la kujua ni nani atashinda, na hakuyapunguza. Mzee wa Chetambe alisikiliza hadi mwisho.

"Hakuwadanganya," akasema. "Ila hakuwaambia kuhusu ng'ombe."

Hapo ndipo mama mzee alipoingia. Alituambia yale aliyoyasikia kwa bibi yake: ng'ombe walivyoswagwa kuelekea upande wa jua linakozama, na wanawake na watoto walivyochukuliwa pamoja nao. Wengine walirudi. Wengine waliolewa hukohuko. "Kwa hiyo," alimwambia mwenyekiti wetu akimshika mkono, "wewe huenda ni mjukuu wetu." Mwenyekiti hakuwa na neno. Walishuka kilima wakiwa wameshikana vivyo hivyo.

Mama huyo ndiye aliyetufungua macho kwamba vita havikuishia 1895. Baada ya kushindwa, watu wa huku waliwekewa machifu kutoka Wanga. Murunga, ndugu yake Mumia, alitawala Kimilili kwa miaka mingi. Kodi, kazi za kulazimishwa, wanaume waliochukuliwa kubeba mizigo katika vita vya kwanza vya dunia, yote yalipitia mikononi mwa machifu. Mtu aliyezaliwa muda mrefu baada ya risasi ya mwisho alikutana na Chetambe kila siku ya kulipa kodi. Nilikuwa sijawahi kuunganisha mambo hayo. Chuki ndogondogo ninazozisikia harusini, mizaha ya nani ni wa nani, zina tarehe.

Na ndiyo sababu Elijah Masinde alipotaka kuwakusanya watu alikuja hapahapa. Masinde, mzaliwa wa Kimilili, mchezaji mpira wa sifa katika ujana wake, ndiye aliyekuwa kiongozi wa Dini ya Msambwa, dini ya mizimu ya mababu iliyopinga wakoloni. Mwezi Septemba 1947 alipanda Chetambe na maelfu ya wafuasi kuwakumbuka waliokufa 1895 na kuwatolea sadaka. Serikali iliogopa mkutano ule kuliko mikutano mingi ya kisiasa. Tarehe 10 Februari 1948 polisi walifyatua risasi kwenye umati wa wafuasi wa dini hiyo huko Malakisi, wakaua watu 11. Masinde aliwekwa kizuizini kwa miaka mingi. Mwekahazina alisema nyumbani kwao jina hilo lilitajwa kwa sauti ya chini hata baada ya uhuru. Katibu, aliyefundisha historia maisha yake yote, alitoa daftari akaandika akiwa amechuchumaa kwenye nyasi.

Mambo machache kwa wanaopanga kwenda. Mlipeni mzee anayewasimulia, na mkubaliane kiasi kabla, kupitia mtu anayemfahamu. Sikubaliani na desturi ya kumtupia shilingi za chai mwishoni, hali mwongozaji aliyemleta analipwa ada kamili. Maarifa ni ya mzee. Msiokote kitu kwenye handaki, hata kigae cha chungu. Watoto waje. Tulikuwa na vijana wachache wa sekondari, na waliouliza maswali magumu zaidi baada ya dereva ni wao. Picha ziwe baada ya masimulizi, kwa ruhusa, kwa kuwa mzee akiona simu zimeinuliwa hubadilika, huanza kuhutubia. Na kama kundi lenu ni la kabila mchanganyiko kama letu, zungumzeni kabla ya siku yenyewe. Sisi tulikubaliana chamani kwamba kila swali linaruhusiwa mbele ya kila mzee, na kwamba hakuna atakayejibiwa vibaya ndani ya gari kwa sababu ya babu zake. Bila makubaliano hayo nadhani mwekahazina asingeuliza Matungu, na tungerudi na picha tu.

Maporomoko ya Nabuyole, kwenye mto Nzoia, tuliyapitia kwa dakika chache kwa ajili ya vijana. Ni mazuri. Mvua ilituanza tukiwa hapo, tukaingia garini.

Barabara ya Webuye hadi Kakamega giza lilikuwa likiingia, na mazungumzo hayakuwa ya 1895 tena, yalikuwa ya askari wale wa Kisudani. Mama yetu Mjaluo ndiye aliyeuliza: tumemsikia Mwanga, tumemsikia Mtachoni na Mbukusu, je, hao Wanubi waliobeba bunduki nani anawasemea? Katibu akaeleza kwamba walikuwa mabaki ya jeshi la Emin Pasha, gavana wa zamani wa kusini mwa Sudan, waliochukuliwa mwaka 1891 karibu na Ziwa Albert na Lugard, afisa wa kampuni ya biashara ya Waingereza, na kuletwa Uganda kufanya kazi ya kampuni hiyo, kisha ya serikali. Walitembezwa kutoka vita kimoja hadi kingine kwa malipo duni, na mwaka 1897, miaka miwili tu baada ya Chetambe, wengi wao waliasi. Wajukuu wao wako Kibos, nje kidogo ya Kisumu, na katika historia ya nchi hii wameteseka kwa kudaiwa kuthibitisha kwamba ni Wakenya.

Mama akasema anawafahamu baadhi ya akina mama wa Kibos, hununua mboga zake sokoni. Atawauliza kama kuna mzee kwao ambaye yuko tayari kukaa na sisi. Mwenyekiti akamwambia mwekahazina aanze kutenga fedha ya matatu.